Somo la Uraia Limekwenda Wapi?

Mzazi wa Tanzania mwenye watoto watatu shuleni anaweza kukuta mezani kwake vitabu vya masomo matatu tofauti yanayodai kufanya kazi moja. Mkubwa yuko kidato cha nne na anasoma siviksi kwa Kiingereza. Wa kati yuko darasa la saba, anasoma Uraia na Maadili. Mdogo yuko darasa la tatu na kitabu chake kimeandikwa Historia ya Tanzania na Maadili. Mzazi anabaki anajiuliza: uraia umefutwa, umebadilishwa jina, au umemezwa na historia?

Jibu la kiutawala ni rahisi. Mtaala ulioboreshwa, uliotokana na Sera ya Elimu na Mafunzo ya 2014 toleo la 2023, ulianza kutumika kwa awamu Januari 2024. Masomo ya zamani yanaondoka kadiri madarasa yaliyoanza nayo yanavyomaliza, na nafasi ya uraia inachukuliwa na Historia ya Tanzania na Maadili, linalofundishwa kwa Kiswahili hata katika shule zinazotumia Kiingereza.

Jibu hilo halikuondoa utata, kwa sababu wasiwasi wa watu haukuwa juu ya jina la kitabu. Baada ya maandamano na umwagaji damu vilivyoandamana na uchaguzi mkuu wa Oktoba 29, 2025, mjadala umepamba moto. Wapo wanaosema vijana hawakufundishwa uzalendo. Wapo wanaosema vijana walifundishwa utii tu, wala hawakuonyeshwa njia halali za kudai wanachokitaka. Wote wawili wanailaumu shule, lakini kila mmoja ana shule yake kichwani. Kabla ya kuamua nani ana haki, inafaa tuangalie somo hili limetoka wapi.

Kutoka Siasa hadi Uraia

Kila utawala uliopita katika nchi hii umefundisha serikali kwa kadiri ya mahitaji yake. Waingereza hawakuhitaji raia, walihitaji watawaliwa na wasaidizi wachache. Shule ya Tabora waliianzisha miaka ya 1920 wakiwalenga watoto wa machifu, ili watoto hao waje kuwa daraja kati ya mkoloni na wananchi. Mtoto wa mkulima hakuhesabiwa katika mpango huo.

Azimio la Arusha la Februari 1967, na andiko la Mwalimu Nyerere la Elimu ya Kujitegemea lililofuata Machi mwaka huohuo, yaligeuza meza. Elimu ikatakiwa kumjenga mtu wa jamii ya kijamaa, na somo la Siasa likachukua nafasi kubwa. Mwanafunzi alisoma historia ya TANU na baadaye CCM, misingi ya ujamaa na ukombozi wa Afrika. Nje ya darasa palikuwa na mchakamchaka, halaiki na shamba la shule. Baada ya Azimio la Musoma la 1974, tabia na kazi za mwanafunzi zikapewa uzito katika tathmini yake, na kijana aliyetaka chuo kikuu alihitaji pia kupendekezwa.

Ni kosa kulibeza somo la Siasa, kama wengi wanavyofanya leo. Liliwapa watoto wa makabila zaidi ya mia moja lugha moja ya kuzungumzia nchi yao. Lilimfanya mtoto wa Songea ajue kwa nini Msumbiji inapigana. Lakini lilikuwa na kasoro moja iliyokwenda hadi mzizini: chama, serikali na taifa vilifundishwa kama kitu kimoja, na mtoto hakupewa pa kusimama akitaka kuikosoa serikali bila kuonekana anailaani nchi. Hata sheria mama haikumsaidia. Haki za msingi ziliingizwa katika Katiba ya 1977 kwa mabadiliko ya mwaka 1984. Kizazi kizima cha wanafunzi wa Siasa kilimaliza shule kabla ya hapo, kikiwa na orodha ndefu ya wajibu na bila orodha ya haki ambayo mahakama ingeweza kuisimamia.

Ikaja Tume ya Jaji Francis Nyalali ya mwaka 1991. Takriban asilimia 80 ya waliotoa maoni walitaka chama kimoja kiendelee. Tume ikashauri vyama vingi virudi, ikataja sheria 40 zilizohitaji kufutwa au kurekebishwa, na Julai 1, 1992 mfumo ukabadilika. Takwimu hiyo husimuliwa kama ajabu ya kidemokrasia, lakini kwa mtu wa elimu ina maana nyingine: wananchi waliosomeshwa robo karne kwamba chama kimoja ndicho umoja wa taifa walijibu kama walivyofundishwa. Shule ilikuwa imefanya kazi iliyotumwa.

Siasa ikaondoka darasani, Uraia ukaingia. Na hapa ndipo udhaifu wa somo jipya ulipozaliwa. Uraia ulibuniwa kuwa somo lisilo la siasa, katika nchi ambayo ndiyo kwanza ilikuwa inajifunza kugombana kwa maneno. Walioliandaa walikuwa na sababu ya kuogopa, maana kila mada ya serikali ingeweza kusomwa kama upande wa chama fulani. Njia salama ikawa kujaza somo kwa mambo ambayo hayamkeri mtu.

Kapu la kila kitu

Muhtasari wa siviksi kwa kidato cha kwanza ulioandaliwa miaka ya 2000 ni ushahidi wa kutosha. Unaanza na taifa letu na alama zake, unapita kwenye stadi za maisha, haki za binadamu, uraia mwema, kazi, maisha ya familia, tabia njema na maamuzi ya busara, na unaishia kwenye usalama barabarani. Mbele zaidi yanakuja jinsia, umaskini, utamaduni na utandawazi. Serikali ya mtaa, Serikali Kuu, Bunge, Mahakama na uchaguzi vimo, lakini ni mgeni mmoja katika msafara mrefu.

Hakuna mada kati ya hizo isiyofaa. Mtoto ajue kuvuka barabara, na ajue kuhusu uchumba na ndoa. Ila somo linalobeba kila kitu halina uti wa mgongo, na mwalimu aliyebanwa na muda huchagua yale yanayofundishika haraka. Ndiyo maana Watanzania wengi wanakumbuka kwamba kijani katika bendera ni uoto wa asili na manjano ni madini, lakini hawakumbuki nani anaitisha mkutano mkuu wa kijiji, unatakiwa kufanyika mara ngapi, na wafanye nini usipoitishwa.

Wanaotaka maadili na historia kwanza

Kambi ya kwanza katika mjadala huu ndiyo iliyoshinda kwa sasa. Hoja yake ni kwamba mtoto hawezi kuithamini nchi asiyoijua ilivyopatikana. Historia ya Tanzania, kwa mtazamo huu, ndiyo mlango wa uraia: Vita vya Maji Maji vya 1905 hadi 1907, kuundwa kwa TANU Julai 7, 1954, Mapinduzi ya Zanzibar ya Januari 12, 1964 na Muungano wa Aprili 26 mwaka huohuo.

Hoja hii ina nguvu zaidi ya wapinzani wake wanavyokiri. Chukua suala la Muungano. Kwa nini Tanzania ina serikali mbili? Kwa nini elimu ya msingi ya Zanzibar ina mtaala wake, ilhali mitihani ya taifa ya sekondari inasimamiwa na baraza moja? Kwa nini mambo ya Muungano yalianza yakiwa 11 na sasa ni 22? Haya hayaelezeki kwa mchoro wa muundo wa serikali peke yake. Yanataka historia. Na kufundisha kwa Kiswahili, kwa maoni yangu, ndilo jambo bora kuliko yote katika mabadiliko haya.

Udhaifu uko kwenye neno la mwisho katika jina la somo. Maadili, yanavyozoeleka shuleni, humwelekea raia peke yake. Mtoto anaambiwa asiibe, asidanganye, aheshimu wakubwa, alinde mali ya umma. Ni mafundisho mazuri. Lakini maadili ya kiongozi yanalindwa na taasisi, na taasisi hizo mtoto hazijui. Ibara ya 143 ya Katiba inamweka Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali. Ripoti yake hupelekwa kwa Rais, kisha huwasilishwa bungeni, na kamati za Bunge huwahoji watendaji. Mwanafunzi akijua mnyororo huo ameelewa kwamba uadilifu wa serikali hauachiwi moyo wa mtu mmoja. Asipoujua, atamaliza shule akiamini kwamba dawa pekee ya ufisadi ni kuombea tupate viongozi wema.

Hatari ya pili ni historia kugeuka kuwa wasifu wa watawala. Historia ya taifa inayowaacha nje wakulima, wafanyakazi wa bandarini na wanawake waliobeba kampeni za TANU mitaani inamfundisha mtoto kwamba nchi hujengwa na wakubwa, yeye akiwa mtazamaji.

Wanaotaka Katiba isimame peke yake

Kambi ya pili, yenye wanasheria wengi, inataka somo la Katiba na serikali linalojitegemea. Inauliza swali gumu: mwaka 2023 Serikali ilitangaza mpango wa miaka mitatu wa kuwapa wananchi elimu ya Katiba. Ikiwa watu wazima waliopita shuleni wanahitaji miaka mitatu kufundishwa Katiba ambayo imekuwapo tangu 1977, shule ilikuwa inafanya nini?

Kambi hii inaongeza hesabu ya umri. Elimu ya lazima sasa ni miaka kumi, sita ya msingi na minne ya sekondari. Anayeanza darasa la kwanza na miaka sita anamaliza kidato cha nne akiwa na 16. Haki ya kupiga kura inaanza kwenye miaka 18. Miaka miwili kabla ya kura yake ya kwanza, Serikali haina tena darasa la lazima la kumkalisha. Asiposoma mambo haya humo ndani, atayasoma kwenye simu au kwenye jukwaa la kampeni.

Udhaifu wa kambi hii ni imani kubwa mno katika maarifa ya muundo. Kenya ilifundisha somo la Historia na Serikali kwa miaka mingi chini ya mfumo wa 8-4-4, na ushahidi wake unavuta pande zote mbili. Juni 2024 vijana wa Kenya waliuchambua Muswada wa Fedha kifungu kwa kifungu, wakautafsiri kwa lugha za nyumbani, wakawapigia simu wabunge wao. Rais William Ruto alikataa kuutia saini Juni 26, siku moja baada ya waandamanaji kuingia bungeni na watu kuuawa. Wapo wanaosema hayo ni matunda ya somo la serikali na Katiba ya 2010. Wengine wanasema vijana walijifunza hayo mitandaoni, maana shuleni walikariri hatua za muswada bila kushika muswada wowote mkononi.

Nadhani wa pili wako karibu zaidi na ukweli. Kujua kwamba muswada husomwa mara tatu ni maarifa ya mtihani. Kuusoma muswada na kuona unagusa vipi bei ya mkate ni ujuzi mwingine, na huo hauji kwa kukariri.

Wanaotaka vitendo

Hapo ndipo kambi ya tatu inapoingia. Inasema uraia ni ujuzi, na ujuzi hupatikana kwa kutenda. Kenya imejaribu njia hii kwa hatua mbili. Shule zake za sekondari zimekuwa zikihama kutoka viranja walioteuliwa na walimu kwenda mabaraza ya wanafunzi yanayochaguliwa, na mtaala wa umilisi umeuweka uraia miongoni mwa umilisi saba wa msingi, huku somo la huduma kwa jamii likiwa la lazima katika sekondari ya juu. Tanzania ina klabu za wapinga rushwa zinazolelewa na TAKUKURU, na mabaraza ya wanafunzi yapo, ingawa uhai wake hutegemea sana mkuu wa shule.

Uzuri wa njia hii unaonekana vizuri ukiishusha hadi shule moja. Chukua shule ya msingi yenye wanafunzi 600. Chini ya utaratibu wa elimu bila ada ulioanza 2016, ruzuku ya uendeshaji hukokotolewa kwa Sh10,000 kwa mwanafunzi kwa mwaka, na sehemu yake hutengwa kwa ajili ya vitabu. Kwa shule hiyo ni Sh6 milioni. Mtoto wa darasa la sita anaweza kuzidisha hesabu hiyo mwenyewe. Anaweza kusoma taarifa kwenye ubao wa matangazo, kuona kiasi kilichofika, kuuliza chaki zilinunuliwa kwa shilingi ngapi, na kujua kwamba kamati ya shule ndiyo inayopitisha matumizi. Katika kipindi kimoja amejifunza bajeti, uwakilishi, uwazi na hisabati, tena kwa kutumia fedha halisi zilizotolewa kwa ajili yake.

Lakini kambi hii nayo inasahau mambo. Mwalimu mkuu aliyezoea kutoulizwa ataona huo ni utovu wa nidhamu. Uchaguzi wa viranja ambao majina huchujwa ofisini, au matokeo hubadilishwa kwa kuwa aliyeshinda ni mkorofi, unafundisha jambo baya kuliko kutokuwa na uchaguzi kabisa: mtoto anajifunza mapema kwamba kura ni maonyesho. Na vitendo bila maarifa vina kikomo. Mtoto anayejua kuuliza lakini hajui swali lake liende ofisi gani atazunguka hadi achoke.

Mtihani unaamua

Katika ubishi huu wote, mtihani hautajwi inavyostahili. Mtihani wa kumaliza elimu ya msingi kwa sehemu kubwa ni wa kuchagua herufi ya jibu sahihi. Kwa mfumo huo, swali la rangi za bendera lina jibu moja na husahihishwa na mashine. Swali la kijiji ambacho hakijafanya mkutano mkuu kwa miezi tisa, wakati sheria inataka ufanyike kila baada ya miezi mitatu, linataka mtoto afikiri na aandike, na mtu asome alichoandika. Ni ghali. Mwalimu anayepimwa kwa ufaulu atafundisha kinachotahiniwa, na hatuna haki ya kumlaumu.

Lugha nayo ilifanya madhara yake. Kwa miongo mitatu mtoto aliyesoma uraia kwa Kiswahili hadi darasa la saba aliingia kidato cha kwanza akaanza upya kwa Kiingereza, lugha ambayo haitumiki kwenye mkutano wa mtaa, baraza la kata wala jukwaa la kampeni. Wengi walikariri fasili ya demokrasia wasiyoweza kuwaeleza bibi zao. Kurudisha mafundisho haya kwenye Kiswahili kunaondoa kikwazo hicho, na yeyote anayetaka somo la Katiba lijitegemee asikubali lirudishwe kwenye Kiingereza.

Mwalimu aliye katikati

Mwalimu wa uraia ni mtumishi wa umma. Wakati wa uchaguzi walimu wengi huajiriwa kwa muda kusimamia vituo, na darasa lake mara nyingi ndilo linalogeuzwa kituo cha kupigia kura. Mwanafunzi anayeuliza kwa nini mgombea fulani alienguliwa anamweka mwalimu huyo pabaya. Akijibu upande huu ataitwa mpinzani, upande ule ataitwa kada. Wengi hunyamaza, wakarudi kwenye alama za taifa.

Hofu hii haiponi kwa kumwambia mwalimu awe jasiri. Inapona kwa kumwekea kanuni inayomlinda. Mwaka 1976 wataalamu wa elimu ya siasa wa Ujerumani Magharibi, waliokuwa wamegawanyika vikali kwa itikadi, walikutana Beutelsbach, na mkutano huo ukazaa misingi mitatu: mwalimu asimlazimishe mwanafunzi kushika maoni yake, jambo lenye ubishi katika jamii lifundishwe likiwa na ubishi wake, na mwanafunzi awezeshwe kupima hali ya siasa na mahali pake ndani yake. Misingi hiyo bado inatumika. Nguvu yake ni kwamba mwalimu akiulizwa na mzazi au na mkubwa wake, ana pa kusimama: nilitoa hoja za pande zote, kama ninavyotakiwa. Mwalimu wa Tanzania hana karatasi ya namna hiyo mkononi.

Mizani inaelemea wapi

Kambi ya kwanza ina haki kuhusu historia na lugha. Ya pili ina haki kuhusu Katiba na umri. Ya tatu ina haki kuhusu njia. Kinachogombaniwa kweli ni kama mtoto aandaliwe kutawaliwa vizuri au kushiriki kutawala. Katiba yenyewe imekwisha kujibu. Ibara ya 8 inasema mamlaka yote ya Serikali yanatoka kwa wananchi, na sura yake ya kwanza inaweka haki na wajibu katika sehemu moja, haki zikitangulia kuanzia ibara ya 12 na wajibu ukifuata kuanzia ya 25. Somo linalochukua wajibu na kuacha haki limeigawa Katiba, na linalochukua haki na kuacha wajibu limefanya vilevile.

Kwa hiyo sioni sababu ya kulirudisha somo la zamani na kapu lake. Historia ya Tanzania na Maadili ibaki, kwa Kiswahili, lakini ndani yake Katiba na serikali zipewe sehemu yake yenye vipindi vyake, zisiachwe zipenyeze kati ya tarehe za mashujaa. Maadili ya uongozi yafundishwe sambamba na maadili ya raia. Kila shule ibandike mapato na matumizi yake mahali ambapo mwanafunzi anaweza kuyasoma. Na Wizara iwape walimu mwongozo wa maandishi wa kufundisha mambo yenye ubishi, wenye saini, ambao mwalimu anaweza kuuonyesha.

Wanafunzi wa kwanza wa mtaala mpya watamaliza darasa la sita mwaka 2027. Baraza la Mitihani na Taasisi ya Elimu zina muda wa kuamua watawauliza nini. Liwemo japo swali moja la kuandika, linalomtaka mtoto aeleze mwananchi afanye nini na aende wapi pale kiongozi wa kijiji au mtaa wake anapokataa kusoma mapato na matumizi mbele ya mkutano. Swali hilo likiwekwa kwenye mtihani, litafundishwa katika kila darasa la nchi hii.